Vidole Vitatu: Adabu ya Kula Kabla ya Uma na Baada Yake

Mwaka 1530, mjini Basel, kilichapishwa kijitabu cha Kilatini cha kuwafunza watoto adabu. Aliyekiandika ni Erasmus wa Rotterdam, mmoja wa wanazuoni wakubwa wa Ulaya ya wakati ule. Humo anamwambia mtoto anawe mikono kabla ya kula. Asiwe wa kwanza kupeleka mkono kwenye chombo, maana hivyo ndivyo wafanyavyo mbwamwitu. Asipekuepekue kutafuta kipande kizuri, achukue kilichomkalia mbele. Akipewa kitu akipokee kwa vidole vitatu. Asitumbukize vidole kwenye mchuzi, huo ni ushamba. Na asijifute mikono kwenye nguo aliyovaa.

Nilipoyasoma maneno hayo nilimsikia bibi yangu. Bibi aliishi Pangani maisha yake yote, na Ulaya kwake ilikuwa jina tu, lakini sheria zake pale mkekani zilikuwa hizohizo karibu neno kwa neno. Mkono wa kuume. Piga bismillahi. Mega upande wako. Usichimbe katikati ya sinia, kitoweo cha katikati hugawiwa na mkubwa. Kiganja kisirowe, mchuzi ukifika kiganjani umekula kama mtu anayefukuzwa. Usimkodolee mwenzako macho anapotia tonge kinywani. Usinyanyuke kabla ya wakubwa, na ukishiba mapema punguza matonge, uwe unachezeachezea mchele mpaka wenzako wamalize, ili mgeni asione haya kuendelea kula.

Hiyo ya mwisho naipenda kuliko zote. Mtoto wa miaka saba anafundishwa kuigiza njaa asiyokuwa nayo ili mtu mwingine ashibe kwa raha. Sijaona kitabu cha adabu, cha Kizungu wala cha Kiarabu, chenye sheria inayoushinda utu uliomo ndani ya hiyo.

Bibi naye hakuzitunga. Nyingi zina asili inayojulikana. Imepokewa katika vitabu vya hadithi za Mtume vya Bukhari na Muslim kwamba Umar bin Abi Salama, aliyelelewa na Mtume akiwa mtoto, mkono wake ulikuwa ukizungukazunguka ndani ya chombo wakati wa kula, naye akaambiwa: ewe kijana, mtaje Mwenyezi Mungu, kula kwa mkono wako wa kulia, na kula kilicho mbele yako. Mambo matatu tu, na kila mtoto wa chuoni kuanzia Lamu hadi Kilwa anayajua. Baadaye mwanazuoni Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alitenga kitabu kizima ndani ya Ihyaa, kazi yake kubwa juu ya mafunzo ya dini, kwa ajili ya adabu za kula. Kwa hiyo Erasmus alipoandika, wazee wa huku walikuwa na maandishi yao ya siku nyingi juu ya jambo lilelile.

Sisemi kwamba Erasmus aliiga kwa Waislamu. Naona sababu ni nyepesi zaidi: watu wengi, chombo kimoja. Mahali popote wanapokula hivyo lazima itungwe sheria ya mipaka, kwamba hapa ni pangu na pale ni pako, la sivyo mwenye mkono mwepesi humaliza nyama. Ulaya ya zamani nayo ilikula chombo kimoja. Watu wawili walishirikiana kipande kinene cha mkate mkavu kilichofanya kazi ya sahani, na supu ilizungushwa kwa kijiko kimoja. Tofauti zilikuwepo pia. Erasmus anakataza kulamba vidole, ilhali katika hadithi ya Kaab bin Malik, Mtume alikula kwa vidole vitatu na akavilamba kabla ya kufuta, kwa sababu chakula ni neema na hakitupwi. Bibi alikuwa upande wa Kaab.

Pwani yetu ina bahati ya kuwa na shahidi wa zamani sana. Mwaka 1331 Ibn Battuta, msafiri wa Tangier, alifika Mogadishu, kisha Mombasa, kisha Kilwa. Alikuwa mtu wa kutazama jinsi anavyopokewa, na Mogadishu walimpokea kwa adabu zao zote. Kwanza aliletewa tambuu na popoo, akamiminiwa marashi ya waridi ya Damascus. Kisha kikaja chakula: wali uliopikwa kwa samli katika chombo kikubwa cha mti, juu yake vitoweo vya nyama, kuku, samaki na mboga, ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, maziwa ya mtindi, na pembeni ndimu na pilipili za achari, tangawizi mbichi na maembe. Nani katika sisi hajakaa mbele ya sinia kama hilo? Anaongeza kwamba mtu mmoja wa Mogadishu alikula kiasi cha kikundi kizima cha wasafiri aliokuja nao yeye Ibn Battuta.

Mombasa alistaajabia kitu kingine: milangoni mwa misikiti palikuwa na maji ya kuosha miguu na mkeka mzito wa kuifutia kabla ya kuingia. Na Kilwa akamkuta Sultani Hasan bin Sulaiman, ambaye watu walimwita Abulmawahib, yaani baba wa vipawa, kwa ukarimu wake. Ibn Battuta anasema mfalme huyu alikuwa mnyenyekevu, akiketi na mafakiri na kula nao pamoja.

Sultani kula na fakiri. Pwani hii, nani ale na nani ndilo swali lililobeba adabu nzima, na Ibn Battuta aliliona. Lakini kisa anachokisimulia mbele kidogo lazima kisemwe pia. Fakiri mmoja kutoka Yemen alimwomba sultani nguo alizovaa, naye akazivua akampa. Mwanawe akazikomboa kwa kumlipa fakiri watumwa kumi. Sultani aliposikia watu wakisifu, akaamuru aongezewe watumwa wengine kumi na mizigo miwili ya pembe za ndovu. Binadamu ishirini wakatolewa zawadi katika hadithi ya mtu mwema. Anayetaka kuisifu adabu ya mababu, kama mimi hapa, asikikwepe kisa hicho.

Ukarimu huu umeacha alama hata kwenye mawe. Makaburi ya nguzo ya Kunduchi na Mambrui yalipambwa kwa mabakuli na sahani za kigeni zilizopachikwa kwenye chokaa, za China zikiwemo. Katika nyumba kubwa za Lamu na Pate zidaka za ukutani zilipangwa vyombo vya aina hiyo. Chombo cha kulishia wageni ndicho kilichochaguliwa kumkumbuka marehemu, wakati kingeweza kuchaguliwa kitu kingine chochote.

Kwa karne ya 19 tunaye mtoto wa nyumbani mwenyewe. Sayyida Salme binti Said, aliyezaliwa Mtoni, Unguja, mwaka 1844, alitoroka mwaka 1866 akaolewa na Mjerumani wa Hamburg, na mwaka 1886 akachapisha kumbukumbu zake kwa Kijerumani. Anaeleza jinsi familia ilivyoketi chini kuzunguka meza ndefu ya kimo kifupi, kila mtu kwa cheo na umri wake, baba yake, Sultani Sayyid Said, akiwa mwanzoni. Walikula kwa mkono wa kulia. Nyama na samaki vilikatwa vipande vidogo hukohuko jikoni, vijiko vilikuwa vya vitu vya majimaji, na visu na uma vilitolewa walipokuja wageni wa Kizungu. Walinawa kabla na baada ya kula.

Tazama vizuri: uma ulikuwepo nyumbani kwa Sayyid Said. Ulikaa kabatini ukisubiri mgeni anayeuhitaji. Watu hawa hawakukosa uma kwa ujinga. Waliujua, wakautunza kwa ajili ya mgeni, kama mwenyeji yeyote mwema anavyofanya, na wao wakaendelea na mkono.

Sasa turudi Ulaya tumtazame uma mwenyewe, maana historia yake ni fupi kuliko tulivyoaminishwa. Katika karne ya 11 mtawa Petro Damiani, aliyefariki mwaka 1072, aliandika kwa hasira juu ya mke wa mtawala wa Venice aliyetoka Constantinople. Kosa lake lilikuwa hili: hakugusa chakula kwa vidole. Matowashi walimkatia vipande vidogo, naye akavichoma kwa uma wa dhahabu wenye meno mawili. Mwanamke huyo alipougua mwili ukaoza, Damiani aliona ni adhabu ya Mungu kwa majivuno yake. Mkono ulikuwa ndio unyenyekevu. Uma ulikuwa kufuru.

Waitaliano wakauzoea taratibu. Mwingereza Thomas Coryat alisafiri huko mwaka 1608, na katika kitabu chake cha mwaka 1611 akaueleza uma kama kioja cha safari. Kwa maelezo yake, Mwitaliano havumilii nyama iguswe kwa vidole kwa sababu vidole vya watu wote havilingani kwa usafi. Aliporudi nyumbani akila kwa uma, rafiki zake walimtania. Ufaransa nako, wafuasi wa Mfalme Henri wa Tatu walipigwa vijembe katika kitabu cha mwaka 1605 kwamba kwa uma wao nusu ya chakula huanguka kabla haijafika kinywani. Na Louis wa Kumi na Nne, ambaye jumba lake la Versailles liliifundisha Ulaya nzima namna ya kuinama na kuketi, inasimuliwa kuwa aliwakataza wajukuu zake kutumia uma mezani pake ingawa mwalimu wao alikuwa amewafunza. Alikufa mwaka 1715, na mpaka mwisho alipenda vidole vyake.

Kilichoufanya uma uenee mpaka kwa karani na mwalimu kilikuwa kiwanda. Mwaka 1840 kampuni ya Elkington ya Birmingham ilipata hataza ya kupaka fedha juu ya chuma duni kwa nguvu ya umeme. Familia isiyo na uwezo wa kununua fedha halisi ikaweza kupanga meza inayong'aa, na kadiri ilivyoweza ndivyo sheria zilivyoongezeka: uma wa samaki, uma wa matunda, kisu hiki kisiguse kile. Waingereza waliofika Zanzibar kuitawala mwaka 1890 walikuja na meza hiyo. Kwa hesabu hiyo, adabu walizotuletea kama ustaarabu wa tangu na tangu zilikuwa na umri wa babu na baba zao. Sahani ya Ibn Battuta ilikuwa na zaidi ya miaka 550.

Mtu aliyenisaidia kuyafikiri haya ni Norbert Elias, Myahudi wa Ujerumani aliyekimbia utawala wa Hitler na mwaka 1939 akachapisha utafiti wake juu ya historia ya adabu za Ulaya. Aliuliza swali ambalo watu wazima huona aibu kuliuliza: kwa nini uma? Usafi hautoshi kuwa jibu, akasema, kwa sababu ukila kwa mkono wako kutoka sahani yako mwenyewe, hakuna kidole cha mwenzako kinachokugusa. Sababu ya Coryat ilikuwa na maana pale chombo kilipokuwa kimoja. Kila mtu alipopewa sahani yake, sababu ilikwisha, lakini uma ukabaki, na aibu ikazidi. Elias anaonyesha jinsi adabu zilivyozaliwa kwenye majumba ya wafalme, watu wa daraja la kati wakaziiga ili wakaribie juu, nao wa juu wakabuni mpya ili wasifikiwe. Maelezo ya usafi yalikuja nyuma, kuipa heshima desturi iliyokwisha kushika. Kuanzia mwaka 1962 hadi 1964 Elias alifundisha Chuo Kikuu cha Ghana, Legon, akiwa na umri wa miaka 65 na zaidi, katika nchi ambayo watu wanamega fufu kwa mkono wa kulia. Natamani sana angekuwa ameandika kitabu kizima kutoka meza hizo.

Nina sababu ya kulijali jambo hili. Shule ya msingi tulikuwa na somo la sayansikimu. Tulichora katika daftari meza iliyoandaliwa: uma kushoto, kisu kulia, makali yakielekea ndani, bilauri juu ya kisu, kitambaa kimekunjwa. Tulikariri na tukapata alama. Nyumbani kwa wengi wetu hapakuwa na uma hata mmoja, na hakuna ukurasa wa daftari lile uliosema birika hushikwa mkono gani, wala nani anaweshwe kwanza, wala mwenye kunawisha asimame wapi ili maji yasimrukie mzee. Mtoto anayeyajua hayo alikuwa na elimu kamili ya mezani, na shule haikuona kitu.

Baadaye, shule ya bweni, ilifanyika karamu ya wageni bwaloni na wanafunzi tulipewa uma na visu kula pilau. Msichana mmoja wa darasa letu, mtoto wa pwani ya kusini, aliweka uma pembeni, akanawa, akala kwa vidole vyake, kimyakimya na safi kabisa, bila punje kuanguka. Mmoja wa walimu alimwambia mbele ya wote kwamba anakula kama mtu asiyelelewa. Yeye ndiye aliyekuwa amelelewa kuliko sisi sote mle ndani. Alisimamisha mkono hewani, akakosa pa kuupeleka. Niliona siku ile adabu ikifanya kazi iliyo kinyume na kazi yake. Mtu mwenye adabu angeshusha uma wake akala kwa mkono ili mwenzake asiaibike, na hiyo ndiyo ile sheria ya bibi ya kuchezeachezea mchele. Wahenga walisema ukila na kipofu usimguse mkono. Nimeisikia ikitumika kwenye biashara na siasa, lakini chimbuko lake ni sinia: mwenzako hakuoni, anakuamini kwamba utakaa upande wako, basi usimpe sababu ya kushuku.

Hata hivyo sinia halikuwa mahali pa usawa, na sitaki kulipamba. Katika kumbukumbu za Sayyida Salme, masuria waliomzalia sultani watoto hawakukaa kwenye meza ya baba wa watoto wao. Mtumwa alikula pake. Kukubaliwa kutia mkono kwenye chombo cha waungwana kulikuwa cheti cha uungwana, na wengi walinyimwa cheti hicho maisha yao yote. Utumwa ulipofutwa kisheria Zanzibar mwaka 1897, na Tanganyika mwaka 1922, mipaka ya mkekani haikufutika siku hiyohiyo. Nyumbani kwetu wanaume walikuwa na sinia lao ukumbini, wanawake na watoto uani, na firigisi ya kuku ilikuwa ya baba bila mjadala. Mama yangu amepika kuku maisha yake yote, na firigisi alianza kuila baada ya baba kufariki. Alinieleza hilo kwa sauti ya kawaida kabisa, nami mpaka leo linanichoma. Adabu iliyomnyima mpishi kitoweo kwa miaka yote hiyo ilikuwa adabu nzuri kwa nani?

Kwa hiyo nikisema tuzirithishe adabu za kula kwa mkono, nasema tuchague. Wageni kwanza, ibaki. Mdogo kumnawisha mkubwa, ibaki, na nafurahi sana kwamba maji ya birika humiminwa: kampeni za kipindupindu zinapohimiza kunawa kwa maji yanayotiririka, wazee wa pwani hawana la kujifunza hapo. Beseni moja la kuchovya wote kwa zamu, ambalo nimelikuta kwenye shughuli nyingi, life. Kumkaribisha apitaye ukiwa unakula, naye akajibu "starehe" akaendelea na njia yake, ibaki hata mijini, hata kama umeshika chipsi mayai kwenye mfuko. Firigisi igawanywe.

Siku hizi harusi za kumbini Dar es Salaam ni foleni ya kujipakulia, mshereheshaji akiita meza moja baada ya nyingine. Sina ugomvi nayo, watu ni wengi na ukumbi umelipiwa kwa saa. Kinachoniudhi ni kumwona mzee wa miaka themanini amesimama foleni na sahani mkononi huku vijana wamekaa wakipiga picha. Muscat, kwenye nyumba za jamaa wenye asili ya Zanzibar, nilikuta sofa za bei kubwa zimezunguka sebule na chakula kinaandaliwa sakafuni, juu ya nailoni, kwa sinia, na Kiswahili kinazungumzwa hapo. Baada ya kula ulipitishwa udi. Marashi aliyomiminiwa Ibn Battuta nayo bado yapo: kwenye maulidi ya kwetu mrashi hupitishwa mstari kwa mstari.

Corona ilipoingia mwaka 2020 ukoo wetu uliacha sinia. Kwenye khitma kila mtu alipewa sahani yake, na nilidhani tusingerudi tena, kwa kuwa sahani ni rahisi na hazina lawama. Wanawake ndio waliorudisha, shangazi zangu wakitangulia, wakidai kwamba kwa sahani chakula kingi hubaki na kutupwa, na watu humaliza haraka wakaondoka. Wameweka masharti mapya: watu wanne kwa sinia wala si sita, kijiko kwa anayekitaka bila kuulizwa, firigisi zote zinakatwa ndani ya pilau. Na wenye kisukari, ambao kwetu ni wengi, hupakuliwa kando kwa kipimo, lakini sahani zao huletwa mkekani wakala wakiwa wamekaa na wenzao.